Siku Kumi na Moja za Mheshimiwa Skarvik

Kama kuna mtu aliyeishi miaka sabini na minne bila kufanya hata jambo moja la kupigiwa vigelegele, basi ni Torleif Skarvik. Na Wema ndiye aliyepewa kazi ya kumwandikia wasifu.

Alikuwa amekaa jikoni kwake, ghorofa ya tisa, Flemingdon Park, huko ughaibuni, mchana wa Jumatano, dirisha limejaa ukungu wa mvuke wa maharage. Chini ya meza binti yake Rochelle, mwenye miaka mitatu, alikuwa akipanga vifuniko vya sufuria, anavibomoa, anapanga tena. Mbele ya Wema kulikuwa na kompyuta, daftari la shule ya jioni, na ukurasa mmoja ambao kila akiusoma aliuona umezidi kufupika.

"Hebu nisomee," alisema Naheed, jirani yake wa mlango wa tatu, mzaliwa wa Tanga, aliyekuja kuazima vitunguu akaishia kuvimenya hapohapo.

Wema akasoma. "Alizaliwa kaskazini mwa Norwe, mji mdogo wa pwani. Baba yake alikuwa karani wa posta. Alisoma uchumi. Akiwa na miaka ishirini na sita aliajiriwa Benki Kuu ya nchi yake. Akiwa na sitini na saba akastaafu."

"Na hapo katikati?"

"Hapo katikati alipanda cheo. Polepole, kama mtu aliyebeba kikombe kilichojaa. Mpaka akawa naibu gavana. Alikuwa kwenye ile kamati inayopanga riba. Wanakaa, wanatafakari, wanatoka, wanatangaza kwamba riba inabaki palepale."

"Kila mara?"

"Kuna mwaka waliipandisha robo."

"Robo ya nini?"

"Ya asilimia moja."

Naheed aliweka kisu chini. "Shoga, huyu mtu alikuwa anaishi au alikuwa anahifadhiwa?"

Walicheka mpaka Rochelle naye akacheka bila kujua kinachochekwa. Lakini kicheko cha Wema hakikufika mbali. Wasifu huu ndio ulikuwa bei ya ufunguo, na bila ufunguo, Jumanne ijayo alikuwa anafutwa shule.

Mambo yalikuwa hivi. Wema alikuwa akisoma uchumi jioni, Jumanne na Alhamisi, kwenye shule ya watu wazima barabara ya Don Mills. Alianza vizuri. Mume wake Rogers alikuwa akirudi kazini saa kumi, anampokea mtoto, yeye anachukua begi na kukimbilia basi. Halafu Januari bohari ya Markham alikoajiriwa ikamhamishia Rogers zamu ya jioni. Naheed akajitolea kumlea Rochelle, akalea mwezi mzima, kisha naye akapata nafasi ya darasa la Kiingereza, siku zilezile, saa zilezile. Nani angemlaumu? Wema akakosa kipindi cha kwanza, cha pili, cha tatu. Mwalimu wake, Bwana Sibtain, ni mtu mpole asiyependa kuiumiza hata chaki, na kwa upole huohuo alimwambia kwamba sheria ni sheria: mara ya nne jina linatoka kwenye orodha, aanze upya Septemba kama nafasi itakuwapo.

Kina mama wa jengo lile wenye shida kama yake walikuwa sita. Walikaa wakapanga: wangeshika zamu, kila jioni mmoja abaki na watoto wote, watano waende zao darasani. Jumanne ya kwanza ingekuwa ya mama mmoja wa ghorofa ya nne, ambaye darasa lake lilikuwa Jumatatu. Kilichokosekana ni mahali tu, maana vyumba vyao ukiingiza watoto saba inabidi mtu mzima asimame nje.

Na mahali palikuwapo. Chini kabisa ya jengo, jirani na chumba cha kufulia, kulikuwa na chumba kikubwa chenye joto, madirisha mawili na bomba la maji. Wenye jengo walikuwa wamekitoa kwa Umoja wa Watanzania wa Bonde la Don, kwa ajili ya shughuli za jamii. Jamii ilikuwa bado haijaingia. Ndani mlikuwa na kiti kimoja kikubwa cha ngozi, bendera, maua ya plastiki, na picha ya Mwenyekiti iliyotundikwa ukuta wa mbele, ili Mwenyekiti akikaa kwenye kiti atazamane na Mwenyekiti. Ufunguo ulikuwa mmoja. Aliuvaa shingoni kwa kamba ya buluu, kama mwanariadha aliyegoma kuvua medali.

Mwenyekiti mwenyewe aliitwa Methodius. Alikuwa kwenye mwaka wake wa kumi na tatu wa uongozi, katiba ikisema miwili. "Katiba ni mtoto," alikuwa akipenda kusema, "na mtoto halelewi na kila mpita njia." Katibu wa Umoja alikuwa Mama Asumpta, ambaye kwa bahati njema alikuwa pia mke wake, kwa hiyo vikao vya kamati tendaji vilifanyika wakati wa chakula cha jioni na akidi ilitimia kila mara.

Kwa ajira Methodius alikaa mapokezi kwenye jengo moja jipya kule Regent Park. Hapo ndipo alipomwona mzee wa Kizungu, mrefu, mkimya, aliyekuja kukaa kwa binti yake majira ya baridi. Siku moja wakasalimiana, wakaulizana kazi. Mzee akasema alikuwa Benki Kuu. Methodius hakulala usiku ule.

"Ndugu zangu," aliwatangazia wanachama, "mtu wa benki anashika pesa za watu. Mtu wa Benki Kuu ndiye anayeshika pesa zenyewe! Nimemwalika awe mgeni rasmi kwenye sherehe ya miaka ishirini ya Umoja, na amekubali kwa mikono miwili."

Ukweli ni kwamba mzee alisema, baada ya kufikiri kidogo, kuwa kwa sasa haoni sababu ya kutokuja.

Basi mgeni rasmi hawezi kuinuka akaongea hivihivi kama mtu aliyeulizwa njia. Lazima kwanza usomwe wasifu wake, ili watu wajue wanamsikiliza nani, na yeye mwenyewe akumbushwe ukubwa wake kabla ya kuombwa chochote. Methodius alimfuata Wema kwenye lifti. "Wewe binti ndiye unayesoma hayo mambo ya uchumi. Niandikie wasifu wa kumtoa huyu mzee machozi. Ukimtoa machozi, ufunguo wa chumba mnachokiomba kwa ajili ya watoto ni wako, Jumanne na Alhamisi." Alisema hayo mbele ya Mama Asumpta na watu wengine wawili waliokuwa wamebeba nguo za kufua. Wema akayahifadhi maneno hayo kama mtu anavyohifadhi risiti.

*

Alhamisi saa sita mchana alishuka na ukurasa wake, Rochelle mkononi, wakamkuta Mwenyekiti kitini, Mama Asumpta kasimama pembeni.

"Shikamoo Mzee. Shikamoo Mama."

"Marahaba mwanangu. Lete." Methodius akavaa miwani, akasoma. Alipomaliza aligeuza karatasi nyuma kuona kama kuna kingine. "Ndio huu?"

"Ndio huo, Mzee."

"Hii ni taarifa ya polisi! Baba yake karani wa posta. Nani atalia kwa ajili ya karani wa posta? Andika: mtoto wa maskini, aliyetembea kilomita kumi na mbili peku kwenda shule."

"Peku, Mzee? Kwenye theluji?"

"Ndiyo maana alifika mbali."

Mama Asumpta akatikisa kichwa kukubali, akaandika.

"Naibu gavana," Methodius aliendelea. "Kwa nini naibu? Humu umesema aliwahi kukaimu."

"Siku kumi na moja tu. Gavana alivunjika mguu akiteleza kwenye theluji kwa skii."

"Kukaimu ni neno la woga. Aliyekalia kiti amekalia kiti. Andika Gavana Mstaafu. Na Afrika je? Hakufanya lolote Afrika?"

Wema alifikiri. "Kuna mahali ameandika kwamba aliwahi kubadilisha ndege Nairobi."

"Rafiki mkubwa wa Afrika! Hayo ndiyo mambo, binti, unayaficha ya nini?" Akainuka, akaanza kutembea, na ufunguo ukawa unacheza kifuani. "Na riba. Aliifanya nini riba?"

"Mara nyingi waliiacha palepale."

"Aliidhibiti! Aliikamata riba ya Ulaya nzima kwa mkono mmoja, mataifa yakashusha pumzi."

Walipomaliza, ukurasa mmoja ulikuwa umezaa kurasa nne, na Torleif Skarvik alikuwa Daktari, Profesa na Gavana, mwenye ng'ombe. Wema hakujua ng'ombe wameingia saa ngapi. Rochelle alikuwa ameshapanda kwenye kiti cha ngozi na kugeukageuka nacho.

"Mzee," Wema alisema, "na ule ufunguo. Jumanne tunaanza, kama ulivyosema."

Methodius alivua miwani. Usoni mwake ikaingia ile huruma ambayo viongozi huivaa wakitaka kukunyima. "Mama Rochelle. Jambo lako nimelipokea. Ni zuri sana. Baada ya sherehe tutaunda kamati ndogo ilitazame, halafu ilete mapendekezo kwa kamati kubwa."

"Lakini Mzee ulisema..."

"Nilisema kwenye lifti, mwanangu. Kwenye lifti mtu husema mengi. Na mtoto, tafadhali, ashuke kwenye kiti, hicho ni cha Umoja."

Wema alipanda juu kwa ngazi, ghorofa zote tisa, maana lifti ile hakutaka kuiona. Njiani Rochelle alimuuliza kwa Kiingereza kwa nini anapumua kwa nguvu. Alimjibu kwa Kiswahili kwamba anafanya mazoezi. Jioni ile kulikuwa na darasa, na akaliwahi, kwa sababu mama wa ghorofa ya pili alimpokea mtoto kwa shingo upande, akasema waziwazi kwamba ni leo tu.

*

Kadi ya mwaliko ilisema saa nane kamili mchana. Kila Mtanzania aliyeisoma alielewa saa kumi, na wenye heshima zao saa kumi na nusu. Hakuna aliyekumbuka kwamba mgeni rasmi angeisoma pia.

Jumamosi saa nane kasoro dakika moja, kwenye ukumbi wa sherehe walikuwa Wema, Naheed, watoto watano na viti mia na ishirini vilivyokunjwa. Mlango ukafunguka. Akaingia mzee mrefu mwenye koti la mvua, buti za theluji na begi la mgongoni, akatazama saa ya ukutani, akaridhika.

"Fundi wa hita huyo," Naheed alinong'ona. "Afadhali amekuja, nimeganda."

Lakini Wema alikuwa ameutazama uso ule wiki tatu nzima kwenye kompyuta. "Naheed, huyo ndiye mwenye ng'ombe."

Wakamkimbilia. Walimwomba radhi, walimtafutia kiti, walimwambia watu wako njiani. Mzee akauliza viti hivi vinatakiwa kupangwaje. Walimkataza kabisa, ni aibu, mgeni rasmi hapangi viti. Akasema wasiwasi wao ameuzingatia. Kisha akavua koti na kuanza safu ya kwanza, na alipanga kwa mstari ulionyooka hivi kwamba Rochelle na wenzake wakaanza kutembea juu yake kama reli.

Saa nane na nusu alikaa, akafungua begi, akatoa mkate wenye jibini ya kahawia uliofungwa kwa karatasi, akala. Naheed nusura alie. "Pilau liko jikoni sufuria tatu, jamani! Mama Asumpta akiona hii atazimia."

"Sikutaka kuwa mzigo," mzee alisema kwa Kiingereza chake cha taratibu. Akamgeukia Wema. "Wewe ndiye unayesoma uchumi? Bwana wa mapokezi aliniambia kuna mwanafunzi ameandika maisha yangu. Naomba niyaone."

Wema alimpa zile kurasa nne, huku masikio yakimwaka moto. Zilikuwa kwa Kiswahili, kwa hiyo ikambidi amtafsirie mwenyewe, sentensi kwa sentensi. Mzee alisikiliza pasipo kutikisika. Alipofika kwenye miguu peku alitazama buti zake. Alipofika kwenye riba ya Ulaya nzima alifumba macho.

"Ng'ombe wangapi?" aliuliza mwishoni.

"Arobaini. Samahani sana. Sikuandika mimi. Mimi niliandika huu." Akatoa ule ukurasa mmoja, uliokunjwa ndani ya daftari, akamsomea.

Mzee aliuchukua, akaunyoosha mikunjo. "Huu ni sahihi," alisema. "Ni wa kuchosha sana, lakini ni sahihi. Kitu kimoja tu. Zile siku kumi na moja umezipitia haraka."

"Sikupata chochote cha kuandika. Gazeti moja lilisema hakuna kilichotokea."

"Ndiyo." Kwa mara ya kwanza akatabasamu. "Hiyo ndiyo kazi niliyoifanya."

Akamsimulia. Ulikuwa mwaka mbaya, benki za nchi nyingine zilikuwa zinaanguka. Gavana yuko hospitali, mguu juu. Asubuhi ya tatu uvumi ukaenea mjini, watu wakapanga foleni nje ya benki, wamevaa makofia, kimya, maana Wanorwe hata hofu wanaipangia foleni. Simu zikapigwa, kila mtu akimtaka afanye jambo kubwa. Yeye akatoka nje, akasimama mbele ya waandishi, akasema sentensi mbili. Benki ziko wazi leo. Na kesho zitakuwa wazi.

"Basi?"

"Basi. Watu walisikia, wakatazamana, wakarudi nyumbani. Na kwa sababu walirudi nyumbani, kesho yake benki zikawa wazi."

"Lakini ulijuaje kuwa zitakuwa wazi?"

"Wakati nasema, sikuwa na uhakika. Baada ya kusema, nilikuwa nao." Akakunja karatasi ya mkate vizuri, akairudisha mfukoni. "Gavana hana mkono wa kufika mfukoni kwa mtu, bibie. Ana mdomo tu. Anasema jambo la kweli au linaloweza kuwa kweli, analisema mapema, mbele ya watu wote, kwa sauti ya kawaida. Baada ya hapo inakuwa vigumu kwa yeyote kulirudisha nyuma. Makosa ya watu wengi ni kusema mambo yao chumbani."

Wema alifikiria lifti.

Alimweleza yote, Jumanne, zamu, mara ya nne, kamba ya buluu. Hakumwomba kitu. Mzee alisikiliza, kisha akasema: "Siwezi kukushauri. Miaka arobaini na moja nimefunzwa kutoshauri. Lakini naona kwenye ratiba kwamba kiti changu kiko jirani na cha Mwenyekiti."

*

Saa kumi na robo ukumbi ulijaa. Methodius aliingia na suti ya kijivu, akamkuta mgeni rasmi kakaa chini na watoto akichambua vipande vya mbao vya kuchezea kwa rangi, akamwinua kwa mikono miwili kama chombo cha udongo. Meza kuu ikakaa, kijana mmoja nyuma ya mgeni akimtafsiria kwa Kiingereza sikioni. Itifaki ikazingatiwa, ikazingatiwa tena. Mama Asumpta alisoma risala ya Umoja, ambayo baada ya salamu iliomba basi dogo la abiria thelathini, jengo la kudumu, na ikiwezekana uwanja. Kisha akaitwa Wema.

Alisimama kwenye kipaza sauti na karatasi mkononi. Kutoka meza kuu Methodius alimpa ishara ya kidole: soma kwa kishindo. Naheed alikuwa safu ya pili, kampakata Rochelle, na nyuma yake wale kina mama wengine wanne, kila mmoja na wake pajani.

Wema akazikunja zile kurasa nne. Akafungua ule mmoja.

"Mgeni wetu," alianza, "ni mtoto wa karani wa posta."

Ukumbi ukangoja ng'ombe. Hawakuja. Alisoma maisha yote kwa dakika tatu, kupanda ngazi, kwenda kazini kwa miguu, riba kubaki palepale. Watu walianza kutazamana. Mtu mmoja nyuma akakohoa kile kikohozi cha kuuliza pilau. Methodius alikuwa amegeuka rangi ya suti yake.

"Na aliwahi kukaimu ugavana," Wema akasema, "siku kumi na moja." Akawasimulia foleni, makofia, na zile sentensi mbili. Sasa ukumbi ulitulia. Pale hapakuwa na mtu asiyejua kupanga foleni kwa hofu, uwe umeipanga benki, hospitali au uhamiaji. "Hakuokoa Ulaya. Aliwaambia watu wazima kwamba kesho mlango utakuwa wazi. Na kwa kuwa alilisema mbele ya wote, ukawa wazi. Huyo ndiye mgeni wetu."

Kigelegele kimoja kikaruka, cha bibi mmoja wa safu ya mbele, halafu makofi. Wema aliona huu ndio muda. Hakupandisha sauti.

"Na sisi hapa tunaye kiongozi wa namna hiyohiyo. Mwenyekiti wetu, mbele ya Mama Katibu na mashahidi wawili, alisema chumba cha Umoja kitakuwa wazi Jumanne na Alhamisi, ili watoto wakae na kina mama wakasome. Chumba kitakuwa wazi Jumanne hii, saa kumi na moja jioni. Na Alhamisi kitakuwa wazi. Mzee, kwa niaba ya kina mama, asante."

Akakaa.

Methodius aliushika ufunguo wake kifuani. Kisha Naheed akapiga kigelegele cha Tanga kilichogonga paa, wale wanne wakadakia, na kina baba ambao hawakuwa na habari yoyote ya chumba wakapiga makofi ya kilo kwa sababu wengine wanapiga. Mama mmoja kutoka jengo la pili akasimama: "Hata sisi wa jengo la pili tulete?" Mwingine: "Kumbe Mwenyekiti una moyo hivi, na siku zote unanyamaza!"

Methodius alifungua mdomo. Kila aliyemtazama usoni aliona ile kamati ndogo ikipita, na kamati kubwa nyuma yake, zikitafuta mlango wa kutokea. Hapo mgeni rasmi akainuka, ingawa hajaitwa.

"Ninashukuru," alisema kwa Kiingereza. "Kuhusu basi, sitatoa tamko. Kuhusu uwanja, pia. Kuhusu chumba, nimesikia kauli ya wazi ya Mwenyekiti, na kwa taarifa nilizo nazo sina sababu ya kutarajia vinginevyo." Akafikiri. "Nitafuatilia hali kwa karibu." Akakaa.

Hiyo ndiyo ilikuwa hotuba yote. Wajuzi wa mambo walisema baadaye kwamba hawajawahi kumsikia mgeni rasmi aliyeahidi kidogo kiasi hicho, wala aliyeeleweka kiasi hicho.

Methodius akatazama ukumbi. Mia na ishirini walikuwa wakimshangilia, wengine wakimwita jina, na Methodius hakuwahi maishani mwake kushinda nguvu za kushangiliwa. Kifua kikaanza kujaa taratibu. "Ndugu zangu!" akanguruma. "Nilitaka liwe jambo la kushtukiza, lakini binti huyu kaniwahi!" Akaivua ile kamba ya buluu shingoni, polepole, akihakikisha mpiga picha anaona, akamvisha Wema. Ufunguo ulikuwa na joto. Alipoinama kumvisha alimnong'oneza: "Mama Rochelle, wewe ni mtu mbaya sana."

"Marahaba, Mzee," Wema alijibu kwa kuchanganyikiwa, na wote wawili wakajikuta wanacheka mbele ya kamera.

*

Jumanne saa kumi na moja chumba kilikuwa wazi. Mlangoni kulikuwa na kibao kipya, Kituo cha Watoto cha Mwenyekiti Methodius, jina lake likiwa kubwa kuliko watoto wote. Picha yake ilibaki ukutani, ila sasa iliwatazama watoto saba wanaogombea kugeuka kwenye kiti cha ngozi. Mama wa ghorofa ya nne alikuwa zamu. Wema alimbusu Rochelle utosini, akamwambia mama anarudi. Mtoto hakuinua hata uso, na Wema aliondoka na kauchungu kadogo na furaha kubwa, vyote kwenye kifua kimoja, akikimbilia basi.

Bwana Sibtain alifungua daftari la mahudhurio. Alipofika kwenye jina lake alisita, kama mtu anayekanyaga ngazi asiyoiamini, na hakuinua macho.

"Wema?"

"Nipo, mwalimu."

Akaweka alama. Akaiweka kwa nguvu kidogo kuliko kawaida, kisha akaendelea na jina la chini yake.

Saa tatu kasoro aliporudi, alimkuta Rochelle kalala juu ya koti la mvua analolijua. Kwenye kiti kidogo cha plastiki, magoti yakimfika kidevuni, alikuwa amekaa mzee mrefu akimsomea mtoto wa mwisho aliyekuwa macho kitabu cha picha za ng'ombe.

"Mheshimiwa! Hukusema kama ungekuja."

"Hapana," alisema Torleif Skarvik, akifungua ukurasa. "Sikusema."